Okoth Wawili na Mdomo Mmoja

Siku mliponiaga, ninyi vijana wa ukalimani, mlinipa saa ya ukutani, mkaniomba niwaachie maneno machache ya hekima. Saa ilisimama baada ya wiki mbili. Hekima sina hakika nayo, lakini maneno ninayo, maana kwa miaka kumi na sita nimekula kwa maneno ya watu wengine, nikiwa karani mkalimani kortini hapa Kisumu. Vyeo na mshahara sitavitaja. Mtavipata wenyewe, au mtavikosa wenyewe. Nitawaeleza juu ya woga, kwa sababu mimi hakuna aliyenieleza, na nilipokutana nao nilidhani ni malaria.

Kabla ya korti nilikuwa mwalimu wa shule ya msingi upande wa Katito. Nilikuwa na Kiingereza cha ubaoni, Kiswahili cha kanisani na Kijaluo cha mama yangu. Nilihamia mjini mwaka wa Uhuru, nikakabidhiwa kwa Mzee Zablon, mkalimani aliyekuwa amesimama kortini tangu enzi za mkoloni. Alikuwa mfupi, mkavu, na kofia yake aliivua mbele ya hakimu na mbele ya chakula tu. Aliniita Mwalimu, na si kwa heshima.

Siku yangu ya kwanza kulikuwa na kesi ya mtu aliyemkata jirani kwa sababu ya mpaka wa shamba. Maungamo yake yalikuwa yameandikwa kwa Kiingereza, nami nikatakiwa nimsomee kwa Kijaluo ayathibitishe. Nikaanza, "Anasema kwamba yeye..." Mzee Zablon akanipiga teke la kifundo cha mguu chini ya meza. "Sema mimi," akanong'ona. "Mkalimani hana yeye." Basi nikasimama mbele ya watu, nikasema kwa sauti kwamba mimi nilitoka nyumbani na panga, na mimi nilimkata mara mbili. Shangazi yangu alikuwa amekuja siku hiyo kunitazama nikianza kazi ya serikali. Alishika kichwa, akatoka, akarudi Nyakach kwa basi la kwanza. Siku ya tatu baba yangu alifika mjini kwa baiskeli kuniuliza nilimkata nani.

Zana zetu mnazijua. Penseli mbili, kwa sababu moja huvunjika mwendesha mashtaka anapofikia jambo lenyewe. Daftari. Leso. Biblia ya kuapishia, ambayo jalada lake lilikuwa limelainika kwa jasho la viganja vya watu. Mzee Zablon alinifundisha kusimama mahali ambapo mshtakiwa anaona midomo yangu, maana mtu mwenye hofu husikia kwa macho. Alinikataza uji asubuhi ya kesi ndefu, na sababu ya hilo niliigundua mwenyewe.

Alinifundisha pia kwamba kuna maneno yasiyovuka mto. Mwaka wa pili shahidi mmoja alisema dada yake aliuawa na chira, ile balaa inayompata mtu aliyevunja miiko. Mimi kwa haraka nikatafsiri kuwa ni ugonjwa. Hakimu akauliza kwa nini hakupelekwa hospitali. Shahidi akaonekana mzembe, na nusura kesi ipindike. Mzee Zablon aliinuka akaomba ruhusa, akalirudisha neno lenyewe kama lilivyo, kisha akaeleza maana yake kwa sentensi mbili. Jioni hiyo aliniambia jambo ambalo ningependa mliandike kwenye jalada la daftari. "Mwalimu, mdomo ni wa korti. Tumbo ni lako. Usivichanganye hata siku moja." Nilikubali upesi, kama vijana wanavyokubali mambo yasiyowagharimu kitu.

Alistaafu, nikabaki peke yangu. Yeye aliendelea kuja kusikiliza hukumu, akikaa benchi la nyuma na kofia yake magotini, kama wengine wanavyokwenda ibadani.

Sasa nifike kwenye televisheni. Katika miaka ya sabini kulikuwa na televisheni moja katika ukumbi wa jamii karibu na kwangu, imefungiwa ndani ya sanduku la mbao lenye kufuli, juu ya meza ndefu ili kila mtu aione. Michezo mingi ya kuigiza ilikuwa ya Kiingereza, na watu waliokuja kutazama walikuwa wapagazi wa bandarini, mama wa sokoni, Wajaluo, Waluhya, Wakisii, kila mtu na lugha yake. Afisa wa maendeleo aliyesimamia ukumbi aliniomba niwe nasimama kando ya sanduku kila Jumamosi jioni nikiwaeleza watu kwa Kiswahili. Aliyekuwa akifanya kazi hiyo kabla yangu alifukuzwa kwa kuongeza chumvi. Alikuwa amemfanya daktari mmoja wa mchezo awe mchawi, na watu wakamtaka aendelee hivyo hivyo. Mimi nilichaguliwa kwa sababu ni mtu wa korti, mtu wa kusema kilichosemwa.

Kisha ukaja mchezo wa wezi. Watu watano walipanga kuvunja chumba cha chuma cha benki moja ya Ulaya, wakaupanga mpango huo kwa wiki kumi na tatu, na mji mzima ukapanga nao. Majina yao yalikuwa magumu, hayakai kichwani. Nikafanya kosa ambalo ni Mjaluo tu angelifanya: nikawapa majina kwa namna walivyofika, kama tunavyowapa watoto kwa namna wanavyozaliwa. Mwanamke aliyeonekana mara ya kwanza usiku nikamwita Atieno. Mkubwa wao, aliyeingia alfajiri akivuta sigara, nikamwita Omondi. Na yule kijana wa mwisho, mpole, mfungua kufuli, aliyekuja akikimbia kwenye mvua bila koti, angeitwa nani kama si Okoth? Ukumbi ukacheka, ukampenda papo hapo.

Wiki ya nne akaanza kuja Mama Okoth. Alikuwa mjane, amepanga chumba Migosi, akiuza njugu za kukaanga nje ya ukumbi. Mwanawe wa pekee, Okoth wa damu na nyama, alikuwa rumande. Duka la mfanyabiashara mmoja lilikuwa limevamiwa kwa bunduki, na jioni hiyohiyo watu wanne wakakamatwa ndani ya pikapu hapo Katito. Okoth alikuwa mmoja wao. Alisema alikuwa ameomba lifti tu pale njia panda, akitoka kutafuta kazi ya kukata miwa Muhoroni. Alisema hivyo kortini kwa Kijaluo, nami nikasema hivyo kwa Kiingereza: mimi niliomba lifti tu. Kwa wizi wa mabavu wa bunduki, sheria haikuwa na hukumu mbili. Ilikuwa kitanzi.

Hivyo nilikuwa mdomo wa Okoth wake kortini, na mdomo wa Okoth mwingine ukumbini. Mama Okoth hakuuona mpaka baina ya hao wawili, au pengine aliuona akauruka. Alikaa benchi la mbele. Wakati wa matangazo alinivuta shati na kuniuliza, "Karani, huyu Okoth leo amekula?" Nikamwambia sijaona akila. Akasikitika kweli. Kila jioni kwake alipika ugali, akatenga sahani ya mwanawe na kuifunika, na asubuhi akaila mwenyewe ikiwa baridi. Hilo alinieleza bila aibu, kama mtu anayeeleza anapofulia nguo.

Wiki ya kumi na mbili ilipokwisha, hakimu alikuwa ametangaza kwamba hukumu itasomwa Jumanne ya wiki iliyofuata. Mchezo wa mwisho ungeonyeshwa Jumamosi, siku tatu kabla ya hukumu. Jumatatu kabla ya mchezo huo mwalimu mmoja wa sekondari, aliyekuwa amerudi kutoka masomoni Uingereza, alinikuta kwenye baraza la korti akaniambia kwa furaha kwamba mchezo huo aliuona wote kule. Sikumuuliza, akanieleza. Yule kijana mpole, alisema, anabaki nyuma kushikilia mlango wa chuma ili wenzake watoke, na polisi wanampiga risasi. Watu walilia mpaka wakaloa, alisema. Akanipiga begani akaenda zake.

Tangu saa ile woga uliniingia na haukutoka. Jioni hiyo nilimeza vidonge vya malaria. Sahani niliirudisha bila kuigusa, na mke wangu akaniuliza mtu mzima anaogopaje sinema. Jumatano Mama Okoth alinifuata langoni mwa korti, njugu kichwani, akaniambia kwa sauti ya mtu aliyeamua. "Karani, Jumamosi Okoth akitoka pale benki, Jumanne na wangu atatoka. Nimeomba hivyo. Na asipotoka..." Akashika lango la korti akilitazama.

Alhamisi nilimwambia afisa wa maendeleo kwamba sauti imenikauka, Jumamosi atafute mwingine. Akaniletea tangawizi na limau, mtu mwema kabisa, nikavinywa, nikawa sina kisingizio tena. Ijumaa nikaenda kwa Mzee Zablon. Nilimkuta akinoa jembe. Nilimweleza yote.

"Sema kilichosemwa," akanijibu bila kuinua kichwa.

"Na mama akianguka, Mzee?"

"Akianguka utamwinua. Lakini usimdanganye akiwa amesimama."

Jumamosi hakukuwa na nafasi ya kuweka mguu. Madirisha yalijaa vichwa. Mtu alikuwa juu ya bati akishikilia antena, kwa sababu upepo wa ziwani ulikuwa ukiigeuza na picha kujaa chengachenga. Mimi nilisimama mahali pangu kando ya sanduku, na Mama Okoth alikuwa hatua mbili mbele yangu, amevaa kitambaa cheupe cha kanisani. Mikono yangu niliificha nyuma. Nilitamani umeme ukatike. Umeme wa Kisumu siku hiyo ukawa mwaminifu kuliko mimi.

Wakaingia benki, wakafungua, wakachukua. Ukumbi ulishangilia kana kwamba tutagawana. Kisha king'ora kikalia, mlango wa chuma ukaanza kushuka, na Okoth akauwekea bega. Akawapitisha wenzake mmoja mmoja. Atieno akamshika mkono, hakutaka kuuacha, akavutwa na Omondi. Risasi zikalia. Kijana akateleza taratibu chini ya ukuta, na mkubwa wao akarudi akapiga magoti mbele yake. Okoth akasema kwa Kiingereza, kwa sauti ndogo, nami nikasikia kila neno: mwambieni mama asiniwekee chakula tena.

Nilimtazama Mama Okoth. Alikuwa akiitazama midomo yangu.

"Mwambieni mama aniwekee chakula," nikasema. "Nitachelewa kidogo."

Nilisikia pumzi ikimtoka. Kwenye kioo walikuwa wakimfunika Okoth blanketi, mpaka usoni. Nikasema wanamfunika asipate baridi. Mzee mmoja nyuma akauliza, "Karani, huyo si amekufa?" Nikasema amezimia. Muziki ukapigwa, Atieno akawa analia peke yake ndani ya garimoshi, nikasema analia kwa furaha, maana amepata barua kwamba Okoth anapona. Hapakuwa na barua yoyote. Niliiona mwenyewe mikono yake mitupu, na nadhani wengi waliiona. Lakini Mama Okoth alikuwa anacheka huku machozi yakimtoka, akipita kati ya mabenchi na kikapu chake, akiwamiminia watu njugu viganjani bure.

Nilirudi nyumbani na woga wangu ukiwa palepale. Nilikuwa nimetumaini utabaki ukumbini.

Jumanne korti ilijaa kama ukumbi. Washtakiwa wanne walisimama kizimbani, Okoth mwishoni, mwembamba kuliko shati lake. Mama yake alikaa benchi la pili, hakuniitikia nilipomsalimu. Mzee Zablon alikuwa nyuma na kofia yake magotini. Hakimu alisoma kwa karibu saa nzima, nami nilitafsiri kipande kwa kipande. Mkalimani hupata habari nusu dakika kabla ya mwenyewe, na hiyo nusu dakika ndiyo sehemu mbaya kuliko zote za kazi yetu. Unaibeba mdomoni huku mtu anakutazama na bado ana matumaini.

Wa kwanza, wa pili na wa tatu walipatikana na hatia. Mara tatu nilisema kwa Kijaluo, kwa kinywa changu hiki, mimi ninakuhukumu unyongwe. Mara ya tatu ulimi wangu ulikuwa mkavu kama gunzi. Kisha hakimu akageukia karatasi ya mwisho, akasema hapakuwa na ushahidi kwamba mshtakiwa wa nne alifika dukani, na kwamba mwenye pikapu mwenyewe alikiri kumpa lifti njiani. Niligeuka kwa Okoth, na nadhani nilitabasamu.

"Okoth, mimi ninakuachilia huru. Nenda nyumbani."

Mama Okoth akasimama. Hakupaza sauti. Alininyooshea kidole, akasema kwa Kijaluo, na kila mtu akasikia, "Huyo ndiye aliyemfunika yule mwingine blanketi akasema ni baridi."

Kisha akapiga nduru, ule ukelele wa kutangaza kifo. Wanawake wengine wakaupokea kabla hawajajua ni wa nani. Nilipiga kelele kwamba ni kweli, ameachiliwa, nikasema tena na tena, na kila niliposema alilia zaidi, maana kadiri sauti yangu ilivyozidi kuwa tamu ndivyo alivyozidi kuijua. Askari akafungua kilango cha kizimba. Okoth hakutoka. Aliushika ukingo wa mbao kwa mikono yote miwili, macho kwa mama yake, na askari alipomgusa bega akazidi kuukaza. Alidhani anapelekwa kitanzini.

Hakimu akagonga meza. Akaniuliza kwa Kiingereza kuna nini.

Nilikuwa nimesimama katika korti ile zaidi ya miaka kumi, na sikuwahi kutumia neno mimi kwa ajili yangu mwenyewe. "Mheshimiwa," nikasema, "mimi nilimdanganya huyu mama nje ya hapa. Hawaniamini. Naomba mdomo mwingine."

Aliniangalia kwa muda mrefu, mpaka nikaanza kufikiria kurudi kulima shamba la baba yangu. Mzee Zablon alikuwa tayari ameshainuka. Alikuja mbele polepole, kofia mkononi, akaapishwa kwa ile Biblia yenye jasho, akamsikiliza hakimu akirudia. Kisha akasimama mahali pangu, pale midomo inapoonekana, akasema maneno yaleyale niliyoyasema mimi, kwa sauti isiyo na sukari wala machozi, kama mtu anayesoma bei ya mahindi. Okoth, mimi ninakuachilia huru. Nenda nyumbani.

Nduru ikakatika. Okoth aliachia kidole kimoja kimoja.

Baadaye nilisikia kwamba Jumatatu jioni msichana mmoja wa sekondari, jirani wa Mama Okoth hapo Migosi, alinunua njugu kwake na kumweleza mchezo ulivyokwisha kweli. Msichana hakuwa na kosa. Alidhani anamweleza sinema.

Nje kwenye ngazi za korti Mama Okoth alipita karibu nami akiwa amemshika mwanawe kiunoni, kama anayemsaidia mgonjwa. Nilivua miwani. Akasimama.

"Karani, ulinipa usingizi siku mbili. Hiyo nashukuru. Lakini leo kidogo nimzike nyathina, mwanangu mimi, akiwa hai."

Mzee Zablon hakunikaripia. Aliniambia tu kwamba Jumamosi bado ipo.

Jumamosi nilikwenda ukumbini mapema. Mchezo mpya ulikuwa unaanza, jambo la mapolisi na farasi. Watu walipoketi, nikamwomba afisa asiwashe kwanza. Mama Okoth alikuwa benchi la mbele, na kando yake Okoth, nywele zimenyolewa, kikapu cha njugu kimewekwa magotini mwake. Kumwambia mtu habari ya kifo nilikuwa nimezoea, lakini sikuwahi kuisema kwa ajili ya kosa langu, mbele ya kijana mwenye jina lilelile ambaye bado alikuwa hajaanza kulala usiku.

Nikasema kwamba wiki iliyopita niliwaambia uongo. Nikasema Okoth wa mchezo alikufa pale ukutani, blanketi lilikuwa la maiti, na barua haikuwapo. Mzee wa nyuma akasema, "Tuliona, Karani. Tulikuwa tunakungoja wewe."

Nikawaambia pia maneno yake ya mwisho, kama alivyoyasema, nikitumia mimi, kama nilivyofundishwa. "Mwambieni mama asiniwekee chakula tena."

Okoth aliinama juu ya kikapu. Mama yake akamwekea mkono shingoni, akaushikilia hapo, akaninyanyulia macho.

"Sasa nakusikia," akasema. "Haya, washa."